Kesi ya Unga wa Sabuni

Kiarabu changu nilifundishwa na wauaji. Ofisi iliyonileta Riyadh ilinipa maneno sita tu: njoo, nenda, leta, osha, haraka, nyamaza. Mengine yote niliyaokota kwenye katuni ya Kijapani ya upelelezi, iliyotiwa sauti za Kiarabu, ambayo binti wa nyumba niliyofanyia kazi aliitazama kila siku akitoka shule. Kwa hiyo kabla sijajua kuomba dawa ya kichwa nilikuwa nimeshajua kusema "mshukiwa", "ushahidi" na "mlango ulikuwa umefungwa kwa ndani". Ukiumwa kichwa maneno hayo hayakufai kitu.

Ni katuni isiyokwisha. Nasikia hadi leo inatengenezwa. Lakini mtoto yule hakutaka vipindi vipya, alisema vimejaa watu mpaka huwezi kuwashuku wote. Alitaka vile vya mwanzo kabisa, vyenye rangi zilizopauka, wanaume wenye mabega mapana kama kabati, na simu zenye waya, ambapo mtu akitaka kupiga akiwa njiani lazima atafute kibanda. Mpelelezi mwenyewe ana mwili wa mtoto wa darasa la kwanza na akili ya mtu mzima. Anajua kila kitu na hakuna anayemsikiliza, maana wakubwa wakimtazama wanaona katoto. Mimi nilikuwa na miaka thelathini na minne, nimezaa, nimezika mume, na ili nimpigie mwanangu simu ilibidi nimwombe madam ruhusa. Nilimwelewa yule mpelelezi kuliko Mjapani yeyote.

Binti wa nyumba alikuwa na miaka minane na alikuwa mwoga. Kila kipindi kilianza na maiti, naye hakuweza kuiona akiwa peke yake, basi madam akaniagiza nikae naye nikikunja nguo. Nilikaa kwenye zulia, yeye kwenye kochi juu yangu, miguu yake begani kwangu. Tulishindana kumtambua muuaji kabla ya kutajwa, na mwanzoni nilimshinda kila siku. Aliniuliza ninajuaje. Nikamwambia usitazame mdomo wa mtu, tazama mikono, tazama viatu, tazama kitu ambacho hakipaswi kuwa pale kilipo. Anayemimina chai huona mengi kuliko anayeinywa. Alipenda sana maneno hayo, akayarudia mbele ya baba yake, naye akacheka akasema nyumbani kwake amepata afisa wa polisi.

Nami nilikuwa na wangu wa miaka minane. Nilimwacha Voi kwa dada yangu mkubwa akiwa na saba, siku ambayo sipendi kuieleza. Madam alichukua simu yangu tangu nilipofika, akaiweka kwenye droo yake, akawa ananipa kila Ijumaa kwa saa moja. Hakuwa mkatili, na nalisema hilo kwa sababu watu wakisikia Saudia wanataka niwaambie nilipigwa. Sikupigwa. Nilikula vizuri na nililala kwenye chumba chenye kiyoyozi. Lakini saa moja ya Ijumaa ni kitu gani kwa mtoto? Mara ameenda kucheza, mara mtandao umekatika, mara anasimama mbele ya simu anajikuna kwa sababu mambo ya wiki nzima ameshayasahau. Kila Ijumaa nilimwona akininyamazia zaidi kidogo. Nikaogopa kwamba mkataba utakwisha nitarudi nimkute mtoto wa watu, na hofu hiyo ndiyo iliyonifanya nitafute simu ya pili.

Niliipata mtaa wa Al-Murabba. Baba wa nyumba alinipeleka kule kwa shughuli za ikama yangu, kibali cha kuishi, akaingia ofisini akaniacha ningoje nje, na duka la simu lilikuwa mlango wa pili. Sikuhitaji laini. Nenosiri la intaneti ya nyumba lilikuwa limeandikwa chini ya kile kidubwasha chenye taa, nami ndiye niliyekifuta vumbi kila asubuhi. Simu niliifunga kwenye mfuko wa plastiki, nikaizika ndani ya ndoo ya sabuni ya unga kwenye chumba cha kufulia, juu ya paa. Hakuna mtu mwingine katika nyumba ile aliyewahi kushika sabuni.

Saa za Riyadh na za Voi ni zile zile, na hilo nililiona kama zawadi ya Mungu. Baada ya chakula cha mchana nyumba nzima ililala mpaka adhana ya alasiri. Wakati huo huo mwanangu alikuwa ametoka shule, amekaa barazani kwa dada na simu ya dada mkononi. Mimi nilipanda paa, nikafunga mlango, nikaketi kwenye beseni lililopinduliwa, joto la kukaanga mayai, nikamsimulia kipindi cha siku ile kwa Kiswahili. Wauaji niliwafanya wezi, maiti nikazifanya saa za dhahabu na mapambo yaliyopotea, kwa sababu sikutaka alale na maiti kichwani. Nilipofika pale ambapo mpelelezi anatabasamu kwa kuwa ameshajua, nilinyamaza.

"Mama! Nani sasa?"

"Fikiri. Kesho utaniambia."

"Ni yule daktari. Si ni daktari?"

"Kesho."

Kwani unadhani alisahau? Kesho yake simu haikuita mara mbili. Hakuna salamu, hakuna habari ya shule, anaanza moja kwa moja: mama, si daktari, ni yule mama wa maua, kwa sababu mikono yake ilikuwa na matope. Karibu mwaka mzima tuliishi hivyo. Nikiwa napiga deki nilikuwa nawaza atakisia nani. Dada yangu aliniambia mtoto shuleni anahojiana na wenzake kuhusu penseli zilizopotea, na kwamba amewaambia mama yake ni mpelelezi kule Uarabuni. Nilicheka hadi nikalia. Nilikuwa nimempata tena mwanangu, na nilikuwa radhi kuchomwa na paa lile mpaka mwisho wa mkataba.

Siku moja akaniambia, "Nataka kumwona huyo mtoto anayekaa na wewe." Nikamwambia haiwezekani. Akanuna siku mbili. Siku ya tatu binti wa nyumba alisinzia kwenye kochi mbele ya televisheni, nikashuka na simu ndani ya aproni, nikampiga picha moja, nikamtumia. Mwanangu aliitazama kisha akasema, "Kumbe mdogo tu." Hapo nilikosa, sitabisha. Mimi pia nisingependa mgeni ampige mwanangu picha akiwa amelala.

Hapo ndipo binti wa nyumba alipoanza kutembea na daftari. Lilikuwa la rangi ya waridi, na kila mara nilipomkaribia alilifunga. Nilimwona akipima hatua kwenye ngazi, nikamwona akinusa taulo. Siku nyingine alinisimamisha jikoni akanizunguka mara mbili bila kusema neno, akaandika, akaenda zake. Nilifurahi, mpumbavu mimi. Nilijiambia mtoto huyu aliyekuwa akiogopa kwenda chooni peke yake sasa ana ujasiri, na ni mimi niliyempa. Mchimba kisima huingia mwenyewe, lakini kabla hajaingia huwa anasifu maji.

Ilikuwa Ijumaa baada ya chakula. Mama yake madam alikuwa amekuja kutoka Jeddah kwa wiki moja, mwanamke mkubwa wa maneno machache, naye alikuwa ameketi sebuleni na baba na madam. Nilikuwa naingia na sinia la kahawa na tende. Binti akafunga mlango nyuma yangu, akasimama katikati ya zulia na daftari lake.

"Hakuna atakayetoka humu ndani," akasema kwa Kiarabu kile kile cha katuni.

Wakacheka. Baba akainua mikono juu akasema si yeye. Bibi akaweka kikombe chini atazame vizuri. Mtoto hakucheka.

"Katika nyumba hii kuna mtu mwenye siri. Nguo zilifuliwa Jumatatu. Jumanne hapakuwa na nguo chafu, lakini alipanda juu. Aliposhuka alikuwa na unga mweupe kwenye sikio la kulia. Jumatano hivyo hivyo. Alhamisi hivyo hivyo. Mtu anayefua hushika sabuni kwa mikono. Kwa nini iwe sikioni?"

"Mashallah!" baba akasema, akapiga makofi. "Yalla, endelea!"

Akaenda nyuma ya kochi akatoa ndoo yangu. Alikuwa ameibeba mwenyewe kutoka juu ya paa wakati mimi naosha vyombo. Akatia mkono mpaka kwenye kiwiko, akautoa mweupe, na ile simu ndani ya mfuko wake. Halafu akaninyooshea kidole. Nakumbuka uso wake. Alikuwa na furaha tupu, furaha ya mtoto aliyemaliza hesabu ngumu, akanitazama mimi kwanza kabla ya mama yake, kana kwamba nitampongeza.

Makofi yakaisha.

Uongo nilikuwa nao. Niliuandaa tangu siku ya kwanza: simu ni mbovu, niliiokota, naihifadhi niende nayo nyumbani ikatengenezwe. Chaji ilikuwa imekwisha, isingewaka. Msichana yeyote aliyefanya kazi Ghuba angeniambia, kataa. Kataa hata kama mkono umo ndani ya sufuria. Lakini shule yangu mimi ilikuwa nyingine. Katika vipindi vyote tulivyotazama, mkosaji akikataa, mpelelezi humtolea ushahidi wa pili na wa tatu mpaka anabaki uchi. Akipiga magoti akaeleza kwa nini alifanya, muziki unashuka, hakuna anayemkatiza, na hata polisi anainamisha kichwa. Sikuwahi kuona kipindi hata kimoja ambacho watu hawakusikiliza. Niliweka sinia chini, nikapiga magoti.

"Ndiyo, ni mimi niliyefanya," nikasema. "Sikuwa na njia nyingine. Nina binti wa umri wa huyu, na nilikuwa nampoteza."

Baba akaangua kicheko. Sidhani alikusudia ubaya. Nilikuwa nimesema kwa Kiarabu cha katuni, Kiarabu cha vitabuni, ambacho hakuna mtu anayekitumia sebuleni kwake. Ni kama mtu aombe chumvi kwa Kiswahili cha tenzi. Madam naye mdomo ukamcheza. Bibi pekee ndiye hakucheka. Mimi niliendelea, maana nilifikiri kicheko kitaisha kisha watasikia. Nikawaeleza paa, na hadithi, na mwanangu barazani. Madam akasema kila mtu ana mtoto, na Ijumaa alinipa. Nikasema Ijumaa haitoshi. Akaniuliza nitathibitishaje kwamba ni mtoto na si mwanamume.

Basi nikathibitisha. Nilichomeka simu kwenye chaja ya baba, ikawaka, nikachora mwenyewe alama ya kuifungulia, nikamkabidhi madam. Akabonyeza ujumbe wa sauti wa mwanangu: "Mama, si daktari." Hakuelewa neno, lakini alielewa kwamba ni mtoto, na nilimwona akilegea. Nadhani kama angeishia hapo angenisamehe. Kidole chake kikapanda juu kidogo, akaiona picha ya binti yake amelala.

Sitaandika yote aliyosema. Nilijaribu kusema mwanangu alitaka tu kumwona, lakini kila neno nililoongeza lilinizamisha zaidi. Simu akaichukua. Na ile ya kwenye droo akasema nisahau, hata Ijumaa. "Halas," akasema. "Mafi simu. Mafi kabisa." Basi, hakuna simu, hakuna kabisa.

Binti alikuwa bado amesimama, mkono wake mweupe ukidondosha unga kwenye zulia. Alinisogelea, akainama kunitazama usoni kama anavyotazama skrini, na akaniuliza kwa sauti ndogo, "Mbona hulii? Mwishoni wanalia."

Nilimchukia. Nataka niandike hivyo hivyo, kwa sababu nimewasikia wenzangu wakisema mtoto hana kosa, mtoto ni malaika. Nilimchukia mtoto wa miaka minane niliyemwogesha, niliyemkinga na maiti za katuni, na nilimchukia zaidi kwa kuwa hakunifanyia ubaya wowote. Alifanya nilichomfundisha, tena vizuri. Bado kuna siku namchukia.

Wiki ile ile nikahamishiwa Jeddah. Bibi alikuwa anahitaji mtu, na madam hakutaka tena kuniona karibu na binti yake, basi nikagawiwa kama sufuria iliyozidi jikoni. Niliondoka asubuhi, mtoto akiwa shuleni. Hakuna aliyeniaga isipokuwa baba, aliyesema kwa Kiarabu cha katuni, akitania, kwamba kesi imefungwa.

Bibi aliishi kwenye fleti ndogo karibu na Balad, mji wa kale, peke yake, na kazi yake ilikuwa nyepesi. Asubuhi nilimpikia uji wa shayiri, na joto likipungua tulikwenda taratibu hadi sokoni, kati ya zile nyumba kuukuu za mawe ya matumbawe, akichagua ubani na tende kwa vidole na kuwagombeza wauzaji. Hakuwa na katuni nyumbani kwake. Lakini amri ya bintiye aliishika. Siku ya kwanza nilimwomba simu, akasema mama wa mtoto aliyepigwa picha ndiye mwenye uamuzi. Nikaomba tena mwezi wa pili, akageuza uso. Miezi mitano sikusikia sauti ya mwanangu. Tulikuwa tumeachana katikati ya kisa cha mzee mwenye duka la saa, na kila siku wakati wa alasiri nilimwona barazani akingoja, nami sikuweza hata kumwambia asingoje. Nilikuwa na jambo moja tu la kushikilia: mkataba uishe niende nyumbani.

Kisha siku moja tukiwa Balad, bibi alichoka akaketi kwenye ngazi ya duka lililofungwa. Mjukuu wake akampigia kutoka Riyadh, kwa video. Nilisikia ile sauti ikieleza mambo ya shule, nikasogea mbali nisionekane. Walipomaliza, bibi alikaa na simu mapajani muda mrefu. Halafu akaninyooshea.

"Mpigie mwanao," akasema. "Usimwambie binti yangu."

Sijui kwa nini siku ile. Namba ya dada ilikuwa kichwani, vidole vyangu vikaikosea mara mbili. Iliita sana.

"Hallo?"

Alikuwa ni yeye. Sauti ilikuwa imekua.

"Ni mimi," nikasema. "Ni mama."

"Ooh. Mama wa Saudia," akasema. "Shikamoo."

Hakuwahi kuniamkia vile kwenye simu. Ni adabu, najua, dada yangu amemlea vizuri. Lakini shikamoo ni ya wageni na wakubwa wa kanisa. Nikamwambia marahaba. Nikamuuliza shule, akasema nzuri. Nikamuuliza anakula, akasema ndiyo. Nikamuuliza kama anamkumbuka yule mzee wa duka la saa, kama anataka kujua nani alikuwa mwizi.

"Mzee gani?"

"Yule wa hadithi yetu."

"Aa. Sikumbuki." Nikasikia watoto wengine nyuma yake wakimwita, zamu yake kuruka kamba. "Ngoja nimwite mama," akasema, akaiweka simu chini, nikamsikia akikimbia uani akipaza sauti, mama, mama, simu.

Kwetu mama mkubwa ni mama. Mimi mwenyewe nililelewa hivyo, nikawaita dada za mama yangu mama, na hakuna aliyeona ajabu. Nilijiambia hayo nikiwa nimesimama pale sokoni na simu ya mtu mwingine sikioni.

Dada alikuja akihema. Aliniuliza nilikuwa wapi, nikamweleza. Hasira ikamtoka. "We, ungeazima hata simu ya mtu. Huyu mtoto alikaa hapo barazani hadi shule zikafungwa. Nilimwambia utapiga kesho, kesho, kesho, mpaka akaniambia nisimdanganye tena. Sasa ametulia. Anacheza, analala. Ukipiga usimtibue." Nikamwambia sitamtibua. Nilimrudishia bibi simu yake, nikamshika mkono kumwinua, tukaenda kununua ubani.

Wiki iliyofuata bibi aliniambia mkataba wangu unakaribia kuisha, akaniuliza kama nitakwenda nyumbani au nitaongeza miaka miwili. Nikamwambia nitaongeza. Akashangaa. Alifikiri sikumwelewa, akarudia polepole, akaniuliza na mtoto je.

Nikamwambia mtoto yuko kwa mama yake.